Dawa Isiyotajwa Jina

Ijumaa, 1 Juni

Daktari Vasanthi amewagawia wanafunzi madaftari. Kila mmoja aandike kila siku mambo matatu: amekula nini, amelalaje, na anaogopa nini. Eti ndiyo sayansi ya michezo. Madaftari yalikuwa ishirini na wanafunzi ni kumi na tisa, darasa la kwanza kabisa la chuo hiki, basi la ishirini nimelichukua mimi, mpishi wao. Hakuna aliyenikataza. Nani amkataze Ibeyaima akiwa ameshika mwiko?

Haya. Nimekula wali, mboga za majani na ngari, samaki wetu wa kuchachushwa wenye harufu kali. Nimelala vizuri. Siogopi kitu. Nilikuwa golikipa wa timu ya jimbo ya mpira wa magongo kwa miaka kumi na moja, na meno mawili ya mbele si yangu.

Jumatatu, 4 Juni

Mvua imeanza na haina adabu. Maji yanapita chini ya mlango wa jiko.

Wageni wakija kutoka Delhi huuliza, chuo kiko wapi? Huoneshwa picha kubwa ya majengo, halafu hupelekwa nje ya mji kuona mashamba ya mpunga yaliyozungushiwa uzio. Chuo chenyewe kwa sasa ni vyumba sita chini ya majukwaa ya uwanja wa zamani, na bweni letu hili la kupanga ambalo kuta zake zinatoa jasho. Chuo kikuu cha michezo cha taifa zima, na mikeka ya judo tunaianika kwenye ngazi.

Lakini sikicheki. Nilipovunjika goti nilipewa shada la maua na pole. Wenzangu wawili wa timu ile wanauza samaki soko la akina mama, medali zao zimo kwenye kopo la biskuti. Hawa watoto wanajifunza kuangushana, na pia wanajifunza kufundisha, kutibu misuli, kuendesha kiwanja. Goti likifa, cheti kitabaki hai. Ningekuwa na umri wao ningelala hata kwenye mkeka uliolowa.

Alhamisi, 7 Juni

Hanbi anakohoa.

Jina lake ni Sanahanbi, ana miaka kumi na minane, kilo arobaini na nane, mchezaji wa judo kutoka vijiji vya ziwani. Ndiye peke yake anayeosha sahani yake na za wenzake bila kuambiwa. Ulimi wake ni mkali kuliko pilipili zangu. Jana aliniuliza, "Shangazi, wali wa leo umeiva au umejisalimisha tu?" Juzi paka aliiba samaki nikiwa nimesimama palepale, akasema, "Golikipa gani wewe? Hata paka amekufunga."

Leo hakunitania. Alikaa amekumbatia kikombe cha maji ya moto.

Jumapili, 10 Juni

Hospitali walimpa vidonge, amevimaliza, kikohozi kiko palepale. Tarehe 23 ni mashindano ya vyuo vikuu vya nchi nzima, yanafanyika hapahapa kwetu, na atakayeshinda uzito wake ataitwa kambi ya taifa.

Mwalimu Kunjo, kocha wao, alikuja jikoni akachungulia sufuria kama mtu mwenye njaa, lakini hakuwa na njaa.

"Shangazi, mtoto anakohoa."

"Nina masikio, Mwalimu."

"Wewe ndiye mama yao hapa. Na wewe si una shemeji?"

"Ninaye."

"Basi. Mimi sijasema kitu."

Nampenda Mwalimu Kunjo. Anamjua kila mtoto na kijiji chake, na anapiga magoti kufunga mikanda yao kwa mikono yake. Yule Daktari wa kusini mwa nchi je? Hali ngari, akipita jikoni anaziba pua, na kila chupa ya mafuta anataka kusoma kibandiko chake. Tunamwita Bibi Vibandiko.

Jumatatu, 11 Juni

Nimekwenda kwa shemeji yangu Tomchou, kaka wa marehemu mume wangu. Ni mganga, kama baba yake na babu yake. Amenipa unga wa kahawia, ambao jina lake ukoo mzima tunalijua, kwenye vipakiti vya karatasi, asubuhi kimoja na jioni kimoja, kwa maji ya vuguvugu. Akarudia lile ambalo kila mtoto wa kwetu analijua kabla ya kujua kuhesabu: dawa ya mganga haitajwi. Anayeipeleka asiitaje, anayeinywa asiitaje. Dawa ikitajwa inakufa, na ikifia ndani ya mgonjwa, ugonjwa humrudia mara mbili.

Mama yangu alitibiwa mwaka mzima kwa majani nisiyoyajua. Sikuuliza. Hatuulizi.

Jumatano, 13 Juni

Kikohozi kimekatika! Siku mbili tu. Hanbi amekula sahani tatu na ameniita golikipa wa mizimu. Nimemwekea Sanamahi, mungu wa nyumba yetu, matunda kwenye kona yake.

Jumapili, 17 Juni

Mvua. Dengu. Nimelala vizuri.

Jumamosi, 23 Juni

Dhahabu! Msichana wa jimbo la Haryana alimzidi urefu kwa kichwa kizima, Hanbi akamwingia chini kama panya ghalani na kumtupa. Nimepiga kelele mpaka sauti imekwenda. Mwalimu Kunjo alilia waziwazi.

Hanbi alirudi amechelewa, wapimaji wa dawa zilizokatazwa walimkalisha saa mbili wakisubiri mkojo wake. Alinivuta pembeni, macho yanacheka.

"Shangazi, walinipa fomu. Umetumia dawa gani siku saba hizi? Nikaandika, hakuna."

"Hata kile kipakiti cha asubuhi?"

"Hata hicho. Nimekumbuka. Sikuitaja!"

Nikambusu kwenye paji la uso. Mtoto aliyelelewa.

Ijumaa, 29 Juni

Daktari Vasanthi ametufundisha sisi watu wa jikoni. Tulikaa watatu kwenye benchi tukikonyezana. Akasema, hakuna kitu chochote kuingia tumboni mwa mwanafunzi bila yeye kujua. Akasema, mwaka jana mwanamieleka wa jimbo jingine alipimwa akakutwa na steroidi. Hakuwa amechoma sindano, alikunywa unga wa kifua kutoka kwa mganga. Ndani ya unga kulikuwa na vidonge vilivyosagwa. Amefungiwa miaka miwili na sasa anaendesha bajaji.

Wenzangu walicheka. Nilijaribu kucheka na mimi.

Nimekula: sijui. Ninaogopa: Tomchou hawezi kufanya vile. Babu yake alimtibu mfalme.

Jumamosi, 30 Juni

Nimemuuliza Hanbi, kama mtu anayeuliza habari za mvua, majibu ya vipimo huja lini. "Wiki nne, tano," akasema. "Kwani vipi, Shangazi? Unataka kuyabandika ukutani?"

Jumanne, 3 Julai

Barua haijaja. Wiki moja na nusu tu. Bila shaka haijaja.

Ijumaa, 6 Julai

Barua haijaja. Nimeunguza wali kwa mara ya kwanza tangu nifike hapa.

Jumatano, 11 Julai

Mto umepanda mpaka kwenye alama nyekundu. Kila gari likisimama mbele ya lango, natoka na mwiko mkononi kuchungulia. Leo lilikuwa la gesi. Barua haijaja.

Jumamosi, 14 Julai

Kingo za mto zimepasuka. Jiko lina maji mpaka magotini, tumepikia orofani. Nilifurahi kwa saa chache, maana posta imefungwa.

Jumanne, 17 Julai

Lazima niandike leo yote.

Nilikwenda kwa Tomchou maji yalipopungua. Nilimkuta anatandaza majani juu ya bati karibu na moto, mvua imemnyima jua. Nikamsalimia, nikakaa, nikauliza habari za wajukuu. Halafu nikasema, "Shemeji, ule unga wa kifua, ndani yake kuna nini?"

Aliniangalia kama nimevua nguo.

"Umekaa ukoo huu miaka thelathini, hujawahi kuniuliza swali hilo."

"Ndiyo nauliza leo."

"Unataka kuua dawa ya baba yangu?"

Mkewe akaniita nimsaidie kubeba takataka za jikoni, mafuriko yameziba shimo lao. Nikashika kikapu. Juu yake kulikuwa na maganda ya ndizi, na chini yake maganda mengine, yale ya karatasi ya fedha yanayobaki vidonge vikishatolewa. Si moja. Yalijaa kama magamba ya samaki. Nimesoma darasa la kumi tu, lakini herufi zile nilizijua. Daktari alizichora ubaoni kwa chaki nyekundu siku ile ya somo.

Nikarudi ndani na ganda moja mkononi. Tomchou hakushtuka hata kidogo, na hilo ndilo lililonitisha.

"Majani yapo," akasema. "Yote aliyoweka baba yangu yamo. Lakini majani peke yake yanataka wiki tatu, shemeji. Zamani mgonjwa alikuwa na subira. Siku hizi ukimwambia wiki tatu, anapanda skuta anakwenda kwa mwingine. Kwa hiyo nayasaidia kidogo."

"Unayasaidia?"

"Watu wanapona! Nani amekufa mikononi mwangu? Mtaje!"

"Nilimpa mtoto wa chuo. Mchezaji. Wamempima."

Akageuza majani juu ya bati. "Basi usitaje," akasema mwishowe. "Kwani hukuambiwa?"

Nilitembea nyumbani kwenye matope bila kufungua mwavuli. Mimi nilimnywesha. Mkono huu, si mwingine. Mungu wangu, mkono huuhuu.

Alhamisi, 19 Julai

Barua haijaja. Hanbi ameniuliza kwa nini simtanii tena.

Jumatano, 25 Julai

Imekuja.

Hanbi aliifungulia mezani mbele ya wenzake, alidhani ni ya kambi ya taifa. Alisoma, akarudia, halafu akanyanyua macho akanitafuta mimi. Sekunde moja tu. Kisha akakunja karatasi taratibu na kusema, "Wamekosea." Kuanzia leo haruhusiwi kukanyaga mkeka pamoja na wenzake mpaka kesi isikilizwe. Wakimkuta na hatia, ni miaka miwili. Miaka miwili kwa mchezaji wa kilo arobaini na nane, ambaye mama yake alimruhusu kuja hapa badala ya kuolewa.

Jioni Mwalimu Kunjo aliniita kwenye stoo ya mikeka, akafunga mlango.

"Shangazi, ni ile?"

"Ni ile."

Akajishika kichwa. "Sikiliza. Chuo hiki ni kichanga, hata kitovu hakijakauka. Kuna watu kule juu hawakutaka kijengwe kwetu, wanasubiri sababu. Wakisikia imetoka jikoni kwetu, watasema watu wa milimani wanakuza wachezaji kwa uchawi. Watakihamisha. Watoto kumi na tisa watarudi kwao."

"Na Hanbi?"

"Hanbi atasema alinunua dawa ya maji barabarani, hakumbuki wapi. Binti mmoja ataanguka, chuo kitasimama."

"Mwalimu, wewe ndiye uliyeniambia nina shemeji."

"Nilikuuliza kama unaye," akasema. "Sikukuambia kitu."

Mikono ileile iliyofunga mikanda ilikuwa inasukuma mlango unifungukie nitoke.

Ijumaa, 27 Julai

Daktari Vasanthi amekuja jikoni. Safari hii hakuziba pua. "Mama Ibeyaima, nakuomba. Kuna kitu Hanbi alipewa?"

"Mimi napika tu," nikasema.

Alisimama kidogo, akasema asante, akaondoka. Nimesema uongo na akanishukuru.

Jumapili, 29 Julai

Naogopa. Naogopa. Nikisema, nitafukuzwa, na chumba hiki nyuma ya jiko ndiyo nyumba niliyo nayo. Nikisema, ukoo wa mume wangu hautanizika. Lakini hayo ni ya mchana. Kitu kinachonibana kifua hasa ni kile ambacho ningeona aibu kumwambia Daktari: je, kama ni kweli? Nikiitaja, na kikohozi kikamrudia mtoto mara mbili? Vidonge vilikuwamo, ndiyo, lakini na majani yalikuwamo.

Ijumaa, 3 Agosti

Hanbi yuko jikoni siku nzima, anamenya viazi. Hakuna mahali pengine pa kukaa wenzake wakiwa mazoezini. Tunasikia miili ikianguka kwenye mkeka huko juu, na kila kishindo kisu chake kinasimama. Baadhi ya wenzake hawagusi tena sahani alizoosha. Yule aliyekuwa akimnyenyekea ndiye anayeongoza.

Jumatano, 8 Agosti

Tulikuwa wawili, tunachambua mchele. Hakunitazama.

"Daktari anasema nikitaja nilichokunywa, na ikithibitishwa, wanaweza kunipunguzia. Nisipotaja, miaka miwili."

"Amesema hivyo?"

"Mama amepiga simu. Yeye anajua, alibahatisha mwenyewe, nami sikukataa. Amelia, akasema nisitaje. Kule kwetu kuna mtu alitaja akiwa mzima, wiki haikuisha." Akaokota kijiwe kwenye mchele, akakitazama. "Nisipotaja nafungiwa. Nikitaja nakufa. Shangazi, ungekuwa wewe ungechagua lipi?"

Golikipa mzima. Nilisimama nikaenda kuangalia moto ambao ulikuwa unawaka vizuri tu.

Alhamisi, 9 Agosti

Mficha maradhi kifo humuumbua. Mama yangu akiisema methali hiyo nilikuwa nikicheka. Leo nimeisema kwa sauti mbele ya masufuria na sikucheka.

Jumatatu, 13 Agosti

Nimekwenda kwa Tomchou nikikohoa. Nilianza kukohoa tangu kona ya njia ili majirani wasikie. Nilikohoa mpaka machozi yakanitoka, na machozi hayakuwa ya kuigiza. Mkewe aliniletea maji ya tangawizi, akanisugua mgongo, akasema, "Pole dada, jiko lile lenye maji litakuua." Tomchou alinipa vipakiti kumi, akanishika bega. "Umekuja mwenyewe," akasema. "Nilijua hujaacha kuniamini."

Sijawahi kumfanyia mtu jambo baya kiasi hiki.

Jumanne, 14 Agosti

Nimeviweka vipakiti mezani kwa Daktari Vasanthi. Nilitegemea atanipigia kelele. Alivaa glavu, akavitia kwenye mfuko, akaandika saa na tarehe, kisha akanivutia kiti.

"Bibi yangu naye alikuwa ananipa," akasema. "Mafuta meusi, kwenye ulimi, nimefumba macho. Nilikuwa mkimbiaji. Mpaka leo sijui yalikuwa nini, na kila mbio nilizoshinda nazitilia shaka."

Nimemwita Bibi Vibandiko miezi mitatu.

"Hii inaitwaje?" akauliza.

Nikafungua mdomo. Jina halikutoka. Nilijaribu tena, jasho likanitiririka chini ya phanek, sketi yangu ya kujifunga, mpaka kwenye visigino. Akanipa kalamu, vidole vikakataa.

"Pumua. Tarehe thelathini jopo litasikiliza, kwa video. Maabara itasema kilichomo. Lakini ni wewe lazima useme kimetoka wapi na kwa nini mtoto hakukiandika. Karatasi yangu haitatosha."

Jumatatu, 20 Agosti

Mvua. Siku kumi.

Ijumaa, 24 Agosti

Mwalimu Kunjo amesikia. Alinifuata mpaka bombani.

"Utakuwa umekichimbia chuo kaburi, Shangazi."

"Chuo kinachosimama juu ya mgongo wa mtoto mmoja kitakaa muda gani, Mwalimu?"

"Usinifanyie mashairi. Watu watakula wapi?"

"Watakula kwa mpishi mwingine," nikasema, nikajitwika ndoo yangu.

Jumatano, 29 Agosti

Maabara imejibu. Ni kilekile. Sijalala wala sijala. Nimemwambia Hanbi kwamba kesho nitasema mimi, yeye asifungue mdomo.

"Itanirudia mimi, Shangazi. Siyo wewe."

"Mimi ndiye nitakayetaja. Labda itanifuata mimi."

"Labda," akasema. Hakuna kati yetu aliyekuwa na uhakika.

Alhamisi, 30 Agosti

Watu watatu kwenye kioo cha kompyuta, Delhi. Nyuma yao jua linawaka, nyuma yetu mvua inapiga mabati hadi Daktari alilazimika kurudia maswali kwa sauti. Hanbi alikaa kushoto kwangu.

Mwenyekiti, mama mwenye nywele fupi za mvi, aliuliza kwa nini mchezaji, tena mwanafunzi wa chuo cha michezo, aliandika "hakuna".

Nikasimama. Daktari akanong'ona kwamba naweza kukaa, lakini sikuwahi kudaka mpira nimekaa.

Nilisema: nilimpa mimi. Nilisema kwetu dawa ya mganga haitajwi, hata kwa mume, hata kwa hospitali, kwa hiyo mliposoma neno lile, yeye hakuwa anawadanganya. Alikuwa anatii. Nilimfundisha kutii na nikambusu kwa sababu hiyo. Mzee mmoja wa jopo akauliza, "Jina la dawa ni nini, na nani aliitengeneza?"

Hapo mvua ikawa kubwa masikioni mwangu. Nilimwona Hanbi akiziba masikio kwa viganja vyote viwili, amefumba macho, midomo inasoma dua.

Nikataja. Jina la dawa, jina la Tomchou, jina langu. Nililitaja mara mbili kwa sababu mara ya kwanza hawakusikia.

Hanbi aliondoa mikono masikioni na kuiweka kifuani. Akakaa hivyo mpaka mwisho, anasikiliza kama kuna mtu atabisha hodi kutoka ndani.

Jumamosi, 1 Septemba

Hajakohoa. Mimi pia. Naamka kila mara kusikiliza.

Jumanne, 4 Septemba

Hajakohoa. Mke wa Tomchou amekutana nami njiani, akatema mate upande wangu. Nilistahili, kwa ajili ya maji yale ya tangawizi.

Jumatano, 12 Septemba

Miezi saba. Siyo miaka miwili. Inahesabiwa tangu siku ya barua, kwa hiyo Februari anarudi kwenye mkeka. Dhahabu wameichukua. Hanbi alisoma, akaketi sakafuni jikoni, akalia kwa sauti kubwa, na sikujua kama nina haki ya kumgusa. Nilikaa chini karibu naye. Baadaye akaegemeza kichwa chake kizito kwenye goti langu bovu, nami sikusogea mpaka mguu ukafa ganzi.

Mchana nilipewa barua yangu. Sitapika tena hapa baada ya wiki hii. Ni haki. Mwalimu Kunjo alipita ukumbini akitazama viatu vyake.

Chuo hakijahamishwa. Bado.

Daktari Vasanthi ameniomba kitu kimoja kabla sijaondoka. Nimemwambia ana wazimu.

Ijumaa, 14 Septemba

Leo nimefundisha chuo kikuu. Mimi, wa darasa la kumi.

Chumba cha tatu chini ya majukwaa, ndoo mbili zinakinga matone. Wanafunzi kumi na tisa kwenye viti, Mwalimu Kunjo amesimama nyuma karibu na mlango amekunja mikono. Nimewahi kusimama mbele ya mipira migumu ya plastiki iliyopigwa na wanaume wazima, lakini sijawahi kuogopa vile. Hawa ni watoto niliowalisha, na nilikuwa nakwenda kuwaambia wasile kila walichopewa na mtu anayewapenda.

Nikawaeleza yote. Kikohozi, unga, fomu, kikapu cha takataka. Nilisema, "Sikumpa Hanbi sumu kwa chuki. Nilimpa kwa mapenzi, na kwa mapenzi nikamwambia anyamaze. Ninyi mtakuwa makocha. Mtakuwa na watoto wenu wanaokohoa."

Matone tu kwenye ndoo. Daktari alikuwa ameniandikia sentensi ya kumalizia lakini nikaisahau, kwa hiyo nikauliza swali langu mwenyewe.

"Kati yenu, nani tangu afike hapa amekunywa au amepakwa kitu cha mganga ambacho hakitajwi?"

Hakuna aliyetikisika. Nikaona nimeharibu. Halafu Hanbi, ambaye wote walijua yake, akanyanyua mkono hata hivyo, juu kabisa, akiwageukia. Mpiga mshale wa mbele akanyanyua wake nusu. Wa nyuma yake naye. Bondia. Mapacha wa kunyanyua vitu vizito wakatazamana wakanyanyua pamoja. Yule aliyekuwa hagusi sahani za Hanbi alinyanyua wa mwisho, analia.

Kumi na mmoja. Nilihesabu mara mbili. Mashindano ya vuli ni wiki tatu zijazo. Kumi na mmoja kati ya kumi na tisa.

Daktari Vasanthi alikuwa ameshika meza. Nikatazama nyuma, sijui nilikuwa natafuta msaada gani, na nikamwona Mwalimu Kunjo. Alikuwa amekunjua mikono. Mmoja ulikuwa juu.

"Goti langu," akasema. "Mwaka wa nne sasa. Na watatu kati ya hao, niliwapa mimi."

Akaitazama dari, kisha akafungua mdomo na kuanza kuzitaja dawa kwa majina.